Filamu fupi na uhadhiri wa sinema Uturuki: ulinganisho wa milango mitatu

Anayeitazama Uturuki kwa mbali hudhani swali ni moja: niwe mwongozaji wa filamu fupi au niwe mhadhiri wa sinema? Lakini İstanbul, Ankara, İzmir na Eskişehir wamejaa watu walio vyote viwili. Asubuhi mtu anafundisha uhariri, usiku anarekebisha manukuu ya filamu inayotakiwa kwenye tamasha kesho. Kwa hiyo cha kujiuliza ni mlango unaoingilia. Mlango ndio unaoamua kama filamu uliyoihangaikia miaka miwili itahesabiwa kuwa kazi yako, au itabaki kuwa jambo ulilolifanya mwisho wa wiki.

Milango ni mitatu: kitivo cha sanaa, kitivo cha mawasiliano, na nje ya chuo kabisa. Tunaipima hapa kwa mambo yanayouma: shahada, vyeo, fedha, muda, na uhuru wa kusema unachotaka kusema.

Vitivo viwili, somo moja

Sinema Uturuki inafundishwa chini ya paa mbili, na jina la programu pekee halikuelezi mengi. Kitivo cha sanaa, güzel sanatlar fakültesi, kwa kawaida huingiza wanafunzi kwa mtihani wa kipaji unaoitwa özel yetenek sınavı. Mtahiniwa hupewa picha au kisa atunge hadithi, huulizwa kuhusu filamu alizotazama, kisha huhojiwa. Kitivo cha mawasiliano, iletişim fakültesi, kina idara iitwayo Radyo, Televizyon ve Sinema, na huko unaingia kwa alama za mtihani wa taifa wa YKS. Hakuna anayekuuliza kama umewahi kushika kamera.

Tofauti hiyo ina mizizi. Katika chuo kinachoitwa leo Mimar Sinan, İstanbul, elimu ya sinema ilichipuka kutoka klabu ya filamu na hifadhi ya filamu za Kituruki iliyojengwa na Sami Şekeroğlu. Waliofundisha pale ni mafundi wenyewe wa sinema ya zamani: Lütfi Akad, Halit Refiğ, na Metin Erksan, ambaye filamu yake *Susuz Yaz* ilishinda Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la Berlin, mwaka 1964. Mwanafunzi alijifunza kwa kukaa karibu na fundi. Vitivo vya mawasiliano vina asili nyingine. Ankara, kwa mfano, ilianza na shule ya uandishi wa habari na utangazaji mwaka 1965 chini ya kitivo cha sayansi ya siasa. Mpaka leo harufu ya sayansi ya jamii haijatoka: filamu huko ni kitu cha kuchambuliwa kwanza, cha kutengenezwa baadaye.

Kwa shahada ya kwanza pengo hili si kubwa sana. Mwanafunzi mwenye bidii wa mawasiliano atapata kamera kwa zamu, atajiunga na klabu ya sinema ya chuo na atatengeneza filamu zake. Pengo linafunguka kuanzia uzamili, na hapo watu hujikwaa.

Doktora au sanatta yeterlik

Baada ya uzamili Uturuki ina ngazi mbili za juu zinazosimama bega kwa bega. Ya kwanza ni doktora, uzamivu wa kawaida. Ya pili ni sanatta yeterlik, shahada ya juu ya sanaa. Sheria ya elimu ya juu namba 2547 inasema wazi kuwa sanatta yeterlik ni sawa na doktora.

| | Doktora | Sanatta yeterlik |
|---|---|---|
| Unachowasilisha | Tasnifu ya utafiti | Kazi ya sanaa, kwa mfano filamu, pamoja na maandishi ya kuieleza |
| Muda kwa mwenye uzamili | Mihula 8, kikomo mihula 12 | Mihula 8, kikomo mihula 12 |
| ALES, mtihani wa taifa wa kuingia masomo ya juu | Angalau alama 55 | Idara nyingi za sanaa haziudai |
| Makao ya kawaida | Idara za mawasiliano | Idara za sanaa |
| Kinachochelewesha watu | Tasnifu isiyokwisha | Filamu kukosa fedha katikati |

Mstari wa mwisho haumo kwenye kanuni yoyote, ila ndio wenye maana kubwa. Katika doktora, ukishapita mtihani mkubwa wa kufuzu, nao huitwa yeterlik, una miezi 6 ya kutetea pendekezo la tasnifu, kisha kamati ya watu 3 hukufuatilia angalau mara mbili kwa mwaka. Ukichelewa, unachelewa peke yako na vitabu vyako. Katika sanatta yeterlik mradi wako unamtegemea mpiga picha, waigizaji, hali ya hewa na mtu wa sauti. Muigizaji mkuu akipata tamthilia ya televisheni, ambayo Uturuki humeza wiki nzima ya mtu, upigaji wako unahama muhula mzima. Anayechagua njia hii na apange upigaji umalizike si chini ya mihula mitatu kabla ya kikomo, kwa sababu uhariri na sauti vitakula muhula mmoja na maandishi muhula mwingine.

Maandishi yenyewe hudharauliwa mno. Wengi huandika shajara ya upigaji: siku ya kwanza tulifanya hivi, siku ya pili mvua ilinyesha. Watahini hawataki hilo. Wanataka swali moja la kisanaa, tuseme namna ya kumwonyesha mtu asiyezungumza, halafu waone jinsi kila uamuzi wa lenzi, ukimya na ukataji ulivyolijibu.

Sasa cheo. Baada ya mojawapo ya shahada hizi unaweza kuwa doktor öğretim üyesi, cheo kilichobeba jina hili tangu 2018. Juu yake yupo doçent, tunayeweza kumwita profesa mshiriki, na baada ya miaka 5 ya udoçent unaweza kuomba uprofesa. Cheo cha doçent hakitolewi na chuo chako bali na baraza la vyuo vyote, ÜAK. Unahitaji alama 55 katika mtihani wa lugha ya kigeni na pointi 100 za kazi, ambazo angalau 90 ziwe za baada ya shahada ya udaktari.

Pointi hizo huhesabiwa kwa orodha tofauti kulingana na uwanja unaouomba. Katika orodha ya sanaa, kazi za ubunifu zilizoonyeshwa mbele ya umma zina uzito wake wenyewe. Katika orodha ya mawasiliano, vinavyobeba mzigo ni makala katika majarida yaliyosajiliwa kwenye faharasa za kimataifa au ile ya kitaifa, TR Dizin, vitabu, sura za vitabu na idadi ya walionukuu kazi zako. Mwongozaji mwenye filamu tano nzuri na makala moja anaweza kupita upande wa kwanza na kukwama kabisa upande wa pili. Orodha hizi hubadilishwa mara kwa mara, kwa hiyo shusha ya kipindi unachoombea, usiitegemee ya mwenzako wa miaka mitatu iliyopita.

Faili ya ushahidi nayo iangaliwe. Kwa kila onyesho hifadhi barua ya mwaliko, katalogi nzima kwa PDF, ukurasa wa ratiba wenye jina la filamu, tarehe na ukumbi, na majina ya waamuzi kama ni shindano. Fanya hivyo wiki ileile ya tamasha. Tovuti za matamasha madogo hufutwa kila mwaka yakija mapya, na baada ya miaka minne hutapata chochote. Na ukae mbali na yale mashindano ya mtandaoni yanayogawa tuzo kila mwezi kwa ada: majopo yanayajua, na tuzo kumi za aina hiyo zinaharibu heshima ya ile moja ya kweli.

Nje ya chuo

Mlango wa tatu una historia yenye heshima kuliko yote. Ahmet Uluçay alikuwa mtu wa kijiji cha Tepecik, mkoa wa Kütahya. Alitengeneza filamu fupi kijijini kwake kwa vifaa duni bila kupita kitivo chochote, na mwaka 2004 akatoa filamu yake ndefu ya kwanza. Alifariki 2009. Nuri Bilge Ceylan alisomea uhandisi wa umeme chuo cha Boğaziçi, İstanbul, akasoma sinema Mimar Sinan kwa muda akaacha, kisha filamu yake fupi *Koza* ikaingia shindano la Cannes mwaka 1995. Alikuwa na miaka 36. Palme d'Or, tuzo kuu ya Cannes, ya filamu ndefu ilikuja 2014. Rezan Yeşilbaş alichukua Palme d'Or ya filamu fupi mwaka 2012 kwa *Sessiz*, filamu ya dakika 14 hivi kuhusu mwanamke Mkurdi anayekwenda kumwona mumewe gerezani Diyarbakır mwaka 1984, mahali ambapo lugha yake imekatazwa, akimpelekea viatu vipya.

Mifano hii inatia moyo, lakini isomwe kwa makini. Filamu fupi Uturuki hailipi. Inafungua mlango wa filamu ndefu, wa matangazo, wa tamthilia, au wa darasani, na aliye nje ya chuo lazima ale kutoka kwingine wakati anasubiri. Wengi huhariri matangazo au kufanya kazi kama wasaidizi katika tamthilia, ambako siku ya kazi huvuka saa 12. Katika ratiba hiyo, kuandika ndicho kitu cha kwanza kufa.

Fedha za umma zipo. Wizara ya Utamaduni na Utalii, kupitia Sinema Genel Müdürlüğü, hutoa ruzuku chini ya Sheria namba 5224 ya mwaka 2004, iliyorekebishwa 2019, na filamu fupi zina fungu lake. Aliyeko chuoni na aliyeko nje wote wanaweza kuomba. Tatizo kubwa ni mfumuko wa bei. Oktoba 2022 takwimu rasmi za mfumuko wa mwaka zilifika asilimia 85.51. Bajeti iliyoandikwa kwa lira wakati wa kuomba haikuweza kununua siku zilezile za kamera wakati wa kupiga, hasa kwa kuwa wakodishaji wengi wa kamera na lenzi hupiga hesabu zao kwa dola au euro. Dawa yake ni kuandika mswada unaoweza kupigwa kwa siku 4 na kuombea fedha za siku 4, usiombee siku 8 ukitumaini kubana baadaye. Pili, lipia vitu vya bei ya kigeni mara tu awamu ya kwanza ya ruzuku inapoingia, ubakize mishahara na chakula kwa lira.

Mwanachuo ana mfuko mmoja ambao wa nje hana: BAP, fedha za ndani za miradi ya utafiti za kila chuo. Unaweza kupata maikrofoni, diski au kamera kupitia huko. Ila kifaa kinaandikishwa kuwa mali ya chuo. Ukihama, kinabaki.

Mwanachuo wa serikali pia ana kizuizi ambacho wa nje hana. Mtumishi wa umma haruhusiwi kufanya biashara inayomfanya ahesabiwe mfanyabiashara, kwa hiyo hawezi kuwa na kampuni yake ya utayarishaji kama ilivyo kawaida kwa waongozaji huru. Anahitaji mtayarishaji mwingine mwenye kampuni. Mtafute huyo kabla ya mswada kukamilika, maana mtayarishaji anayeletwa mwisho kutia saini tu ndiye chanzo cha ugomvi wa haki.

Filamu yenyewe: dakika na fremu

Hapa mlango hauna tofauti. Kosa ni lilelile kwa mhadhiri na kwa kijana wa mtaani, na sisi tunaliona kila msimu.

Uturuki ni nchi ya umeme wa 50 Hz na televisheni ya fremu 25 kwa sekunde. Kamera za chuo mara nyingi zimewekwa 25. Kumbi za sinema, kupitia furushi la kidijitali linaloitwa DCP, desturi yake ni fremu 24. DCP ya fremu 25 inawezekana, ila si kila ukumbi wenye mashine za zamani utaicheza, na matamasha mengi huomba 24. Chukua filamu ya dakika 14 na sekunde 40 iliyopigwa kwa 25. Ina fremu 22,000. Zichezwe kwa 24 na sasa ni dakika 15 na sekunde 17. Cannes wanapokea filamu fupi zisizozidi dakika 15 pamoja na majina ya mwisho. Umetolewa nje kwa sekunde 17 ambazo hukuzipiga, na sauti za waigizaji nazo zimeshuka kidogo na kuwa nzito.

Piga kwa 24 tangu siku ya kwanza. Taa za nchi ya 50 Hz zitaweza kumeta kwenye picha ukiacha shata, inayoamua kila fremu ipokee mwanga kwa muda gani, kwenye nyuzi 180, kwa hiyo iweke 172.8, ambayo kwa fremu 24 ni sawasawa na sehemu 1 ya 50 ya sekunde. Kwa kamera isiyopima shata kwa nyuzi, chagua 1/50. Jaribu dakika moja chini ya taa za eneo lenyewe kabla ya siku ya kupiga. Taa za bei nafuu za dukani humeta kwa namna yake na hakuna hesabu itakayoziokoa, itabidi uzizime.

DCP ya dakika 15 katika kiwango cha juu kabisa cha megabiti 250 kwa sekunde ni gigabaiti 28 hivi za picha, kwa hiyo diski ndogo inatosha. Diski iwe na mfumo wa ext2 au ext3, maana seva nyingi za kumbi hazisomi ile iliyopangwa kwa kompyuta ya kawaida. Usiifunge kwa ufunguo wa siri: ufunguo hutolewa kwa kila seva na kwa muda maalumu, na ukikosewa saa moja onyesho lako linapita ukumbi ukiwa giza.

Urefu nao ni uamuzi wa kazi. Cannes ni dakika 15. Sehemu ya filamu fupi ya Berlinale, tamasha la Berlin, ni dakika 30. Oscar ni dakika 40. Filamu za wanafunzi zina sehemu yake Cannes, La Cinef, inayopokea mpaka dakika 60, na hiyo ni faida ya wazi kwa aliyeandikishwa chuoni: akihitimu, inaondoka. Kama uko mwaka wa mwisho wa uzamili na filamu iko tayari, ipeleke huko kabla ya kukimbilia kwingine. Na usiiweke mtandaoni hadharani, hata kwa siku moja, mpaka mzunguko wa matamasha uishe.

Nyumbani Uturuki, filamu fupi hupita kwa njia zinazojulikana: Antalya Altın Portakal msimu wa vuli, Adana Altın Koza, tamasha la Ankara, tamasha la İstanbul la kila Aprili, tamasha la Akbank la filamu fupi, tamasha la filamu fupi la İzmir. İFSAK, chama cha wapiga picha na wanasinema wa ridhaa kilichoanzishwa İstanbul mwaka 1959, kimekuza kizazi baada ya kizazi cha watu wa filamu fupi, na kuna uteuzi wa kila mwaka unaoitwa Hisar, ulioanzia Boğaziçi. Uteuzi wa aina hiyo una thamani ya pekee kwa mhadhiri: hutazamwa na wakosoaji na wasomi walewale watakaokaa kwenye majopo baadaye.

Kuhusu haki, sheria ya hakimiliki ya Uturuki, namba 5846 ya mwaka 1951, inawataja mwongozaji, mwandishi wa mswada, mwandishi wa mazungumzo na mtunzi wa muziki wa filamu kuwa waandishi wa pamoja. Mkataba wa kuhamisha haki ni lazima uwe wa maandishi na utaje kila haki moja moja. Karatasi iliyoandikwa “natoa haki zangu zote” haisimami. Orodhesha: kunakili, kusambaza, kuonyesha hadharani, kutangaza kwa televisheni na mtandaoni, kubadilisha. Kwenye wimbo uliokwisha kurekodiwa kuna haki mbili, ya mtunzi na ya rekodi, na kuipata moja hakukupi ya pili. Wanafunzi wengi hununua ruhusa ya matamasha tu, kisha televisheni ikiwataka wanakuta wimbo umekuwa ghali kuliko filamu nzima. Mwanafunzi na aulize pia mapema chuo kinadai nini juu ya filamu iliyopigwa kwa vifaa vyake.

Droni ya gramu 500 au zaidi huandikishwa kwa mamlaka ya anga, SHGM. Maeneo ya kihistoria yanahitaji ruhusa ya wizara, barabara za jiji zinahitaji ya manispaa.

Kalenda na mkataba wa kazi

Muhula wa vuli huanza mwishoni mwa Septemba au mwanzoni mwa Oktoba. Altın Portakal huangukia humo humo. Mhadhiri hubaki na Julai na Agosti za kupiga filamu, pamoja na likizo fupi ya katikati ya mwaka, Januari au Februari. Ndiyo sababu filamu nyingi za wahadhiri zina jua kali la Anatolia au theluji! Anayetaka hadithi ya vuli, ya mvua na majani yanayoanguka, aombe ruhusa mwaka mmoja kabla au apige wikendi sita mfululizo, jambo linaloua mfululizo wa nywele, nguo na mwanga.

Mzigo wa kisheria ni saa 10 za kufundisha kwa wiki kwa wenye vyeo vya uhadhiri wa juu, na saa 12 kwa öğretim görevlisi. Saa 10 zinasikika chache. Somo la uhariri lenye wanafunzi 40 huleta filamu 40 za kutazamwa, kila moja kwa matoleo matatu. Öğretim görevlisi ndicho cheo ambacho mtaalamu wa fani asiye na udaktari huajiriwa nacho mara nyingi: mpiga picha, mhariri, mtu wa sauti. Ni mlango mzuri kwa mwongozaji aliyechoka na matangazo, ila ngazi yake haipandi bila shahada ya juu.

Anayeanza kama araştırma görevlisi, mtafiti msaidizi, anahitaji ALES 70 na lugha 50, kisha aulize neno moja kabla ya kusaini: nafasi hii ni 33/a au 50/d? Hizo ni ibara za Sheria 2547. 50/d imefungwa na masomo yako, na masomo yakiisha nafasi hiyo haina msingi tena. Watu wamechelewesha kumaliza udaktari kwa makusudi ili wasipoteze mshahara. 33/a ina uthabiti zaidi.

Vyuo ni vya serikali, devlet, au vya wakfu, vakıf. Vya wakfu mara nyingi vina studio bora na huthamini jina la mwongozaji, lakini mikataba ni mifupi na darasa huongezwa bila kuuliza sana. Sheria namba 7243 ya mwaka 2020 inavitaka visilipe chini ya chuo cha serikali kwa cheo hichohicho. Uliza mshahara kwa maandishi.

Wapo pia waliofika darasani kwa njia ya kuzunguka. Feride Çiçekoğlu alikuwa na udaktari wa usanifu majengo, akafungwa baada ya mapinduzi ya 1980, akaandika *Uçurtmayı Vurmasınlar* iliyotengenezwa filamu mwaka 1989, akashiriki kuandika mswada wa *Umuda Yolculuk* ambayo ilishinda Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni kwa niaba ya Uswisi, kisha akawa profesa wa sinema chuo cha İstanbul Bilgi. Udaktari wake wa fani nyingine ulimfungulia ngazi, na miswada yake ikampa haki ya kufundisha sinema. Mwenye shahada ya juu ya fani yoyote asiitupe.

Uhuru wa kusema

Hili haliwezi kurukwa. Januari 2016 wanataaluma wengi walitia saini tamko la amani kuhusu mikoa ya Wakurdi. Baada ya jaribio la mapinduzi la Julai mwaka huo mamia yao walifukuzwa kwa amri za hali ya hatari, na waliofukuzwa hivyo hawakupoteza chuo kimoja tu bali utumishi wote wa umma. Mahakama ya Katiba ilisema Julai 2019 kuwa kuwahukumu kwa saini hiyo kulivunja uhuru wao wa kujieleza. Mwaka 2021 Can Candan, mtengenezaji wa filamu za hali halisi na mwalimu wa Boğaziçi, aliondolewa kazini katika kipindi cha maandamano dhidi ya uteuzi wa mkuu wa chuo.

Wa nje ya chuo hana ajira ya kunyang'anywa, ila ana mlango mwingine wa kufungiwa: cheti. Aprili 2015 tamasha la İstanbul liliondoa filamu ya hali halisi *Bakur* kwa kukosa cheti cha usajili, na watengenezaji wengi wakazitoa filamu zao kwa kupinga. Naye aliyepokea ruzuku ya wizara ana wizara kama mshirika. Mwenye hadithi nzito ya kisiasa atafute fedha za kwake au za nje, na kama ni mhadhiri, atakuwa salama zaidi akiwa ameshapata udoçent, kwani cheo hicho ni chake hata akihama chuo.

Nani aende wapi

Kama unafikiri kwa picha na kuandika makala kunakukausha, nenda kitivo cha sanaa na sanatta yeterlik, bila kusitasita. Kama unapenda kuchambua na filamu kwako ni moja kila baada ya miaka mitatu, mawasiliano na doktora vina nafasi nyingi zaidi za ajira kwa sababu idara zake ni nyingi. Kama lengo ni filamu ndefu kabla ya miaka 35, kaa nje ya udaktari, soma uzamili tu kwa ajili ya vifaa, marafiki na ile nafasi ya La Cinef. Mseto mbaya kuliko yote, na ndio wa kawaida, ni kusoma doktora ya mawasiliano huku moyo uko kwenye filamu: tasnifu inachelewa, filamu inachelewa, na pointi hazikusanyiki upande wowote.

Anayetoka Afrika Mashariki

Türkiye Bursları, ufadhili wa serikali ya Uturuki kwa wanafunzi wa kigeni, hulipia ada, malazi, posho, nauli ya ndege na mwaka mmoja wa Kituruki, na maombi hufunguliwa Januari hadi Februari. Umri ni chini ya miaka 21 kwa shahada ya kwanza, 30 kwa uzamili, 35 kwa uzamivu. Wastani unaotakiwa ni asilimia 70 kwa shahada ya kwanza na 75 kwa ngazi za juu. Mwaka wa lugha ni lazima uishe na kiwango cha C1, na kwa sinema hiyo si anasa: watahini watakuuliza kwa Kituruki kwa nini umekata hapa na si pale.

Barua ya maombi ieleze mradi wa filamu au wa utafiti unaohusu jambo unalolijua vizuri kuliko Mturuki: kumbi za video za mtaani na wasimuliaji wake, mashua, taarab, miji ya pwani. Barua inayosema “napenda sinema tangu utotoni” haibaki akilini mwa yeyote.

Ukichagua sanatta yeterlik, fikiria siku ya kurudi. Nyumbani karatasi yenye jina hilo haitasomeka kuwa ya udaktari. Kabla hujaondoka Uturuki omba chuo barua rasmi inayonukuu Sheria 2547 kuwa shahada hiyo ni sawa na doktora, pamoja na orodha kamili ya masomo na alama, tafsiri iliyogongwa muhuri na mthibitishaji, na nakala ya maandishi yako kutoka hifadhi ya kitaifa ya tasnifu. Tume za vyuo vikuu, TCU kwa Tanzania na CUE kwa Kenya, zitataka kuona nyaraka, na kuzifuatilia kutoka Dar es Salaam au Nairobi, kwa simu ya ofisi inayojibu Kituruki tu, huchukua miezi.